Jua kawaida ya swichi yako kuu kabla haijaugua

Mimi ni fundi wa mtandao hapa Kigoma, upande wa Mwanga. Nahudumia majengo manne. Kiini cha mtandao wake ni swichi moja (kifaa kinachounganisha vifaa kwa nyaya) ya poti, yaani matundu ya waya, 24, na ruta mbili (vifaa vinavyopitisha data kati ya mitandao), ndani ya chumba kilichokuwa stoo ya karatasi. Miaka miwili ya mwanzo, mfumo wangu wa ufuatiliaji ulikuwa mhasibu. Akipiga simu, "Kaka, mtandao umekata tena," ndipo najua. Mhasibu ni kengele nzuri, ila hulia moto ukishafika darini.

Ukitaka kujitoa huko, anza na saa. Umeme ukikatika na betri ya UPS ikaisha, ruta ndogo zisizo na betri ya saa huamka zikidhani ni Januari 1970. Logi, yaani kumbukumbu za matukio ya kifaa, zikiandikwa kwa tarehe hiyo, huwezi kujua kipi kilitangulia kipi. Ruta moja iulize saa intaneti kwa NTP (njia ya vifaa kulinganisha saa), vifaa vingine vyote viiulize ruta hiyo. Weka UTC+3, ndiyo saa ya Tanzania; ukisahau, tukio la saa nne asubuhi utalisoma kama la saa moja. Kisha logi zitumwe kwenye kompyuta nyingine, maana zile za ndani ya kifaa mara nyingi hukaa kwenye memori na hufutika kikizimwa.

Hiyo kompyuta nyingine si lazima iwe seva ya bei. Yangu ni ya mezani, ilistaafu ofisini, nimeiwekea Linux na LibreNMS, programu ya kufuatilia vifaa vya mtandao. Zabbix nayo inafaa, na zote ni bure. Huzungumza na swichi kwa SNMP, lugha ya kuviuliza vifaa vya mtandao hali yao. Tumia toleo la 3, kwa sababu matoleo ya 1 na 2c hutuma neno la siri wazi, kila anayechungulia waya analisoma. Kama swichi yako ni kongwe na inajua 2c tu, basi badili lile neno "public" ililotoka nalo kiwandani, iruhusu kusomwa tu, na iijibu anwani moja peke yake.

Hapa pana mtego ulionila mwezi mzima. Kaunta za kawaida za poti, zinazohesabu data inayopita, ni za biti 32: zikijaa, zinarudi sifuri. Laini ya gigabiti moja ikijaa, kaunta hiyo huzunguka kwa sekunde 34 hivi. Mimi nilikuwa nasoma kila dakika 5, na grafu ikinionyesha laini tulivu wakati watu wanalia. Chagua kaunta za biti 64. Toleo la 1 la SNMP halizijui kabisa.

Baada ya hapo kaa wiki mbili bila kugusa kitu, tazama tu. Prosesa ya swichi yangu hucheza kwenye asilimia 12 mchana na 4 usiku. Siku nikiikuta kwenye 40 saa nane za usiku, naamka. Makosa ya CRC, yaani data iliyoharibika njiani, usiyaogope kwa wingi wake, angalia kama yanaongezeka. Poti yangu ya 17 ilikuwa ikiongeza mia kadhaa kila siku, na chanzo kilikuwa waya uliobanwa na mlango wa kabati. Kwenye faiba, waya wa kioo unaopitisha data kwa mwanga, soma nguvu ya mwanga inayopokelewa. Ikishuka dB 3, nusu ya mwanga imepotea njiani, hata kama laini bado inapitisha. Yangu ilishuka wiki ileile mafundi wa paa walipopita.

Sasa kisa cha Novemba. Radi ya usiku, na Kigoma radi si mgeni, iliua swichi ya jengo la tatu. Kijana wa zamu, kwa nia njema, akatoa ya zamani stooni, ya kasi ndogo ya Mbps 100, akaichomeka. Asubuhi kila kitu kinaonekana kizima, ukikipima kwa ping (ujumbe wa kuuliza kama kipo) kinajibu, lakini jengo la nne linatambaa. Majengo yetu yameunganishwa kwa duara, na swichi zote zilikuwa na kipaumbele cha kiwandani, 32768, namba inayoamua nani awe kiongozi. Spaning-tri, utaratibu wa swichi kufunga njia moja ya duara ili data isizunguke bila kikomo, ikikuta sare humpa uongozi mwenye anwani ndogo ya MAC (namba ya kifaa ya kiwandani), na yule mzee wa stoo alikuwa nayo. Akawa shina la mti, yaani kiongozi ambaye njia zote huelekea kwake. Waya wa moja kwa moja wa jengo la nne hadi kwenye kiini ukafungwa, mzigo wote ukapitia kwa mzee. Dawa yake ni mstari mmoja: swichi kuu ipe kipaumbele 4096, msaidizi wake 8192, maana namba ndogo ndiyo hushinda. Fanya leo, kabla ya mvua.

Kengele ziwe chache. Zikiwa hamsini kwa siku utazizima sauti. Nami natuma SMS kwa modemu yenye laini ya simu, kwa kuwa ujumbe unaotegemea intaneti iliyokufa hautoki.

Ukibadilisha kitu kwa mbali, jiwekee kamba kwanza. Kwenye vifaa vya Cisco, hifadhi mipangilio yako, kisha andika "reload in 10": ukijifungia nje, baada ya dakika 10 kifaa kinajiwasha upya na mipangilio iliyohifadhiwa. Ukifaulu, futa kwa "reload cancel" ndipo uhifadhi mapya. Kwenye vifaa vya MikroTik kuna Safe Mode, ukikatika inarudisha yenyewe. Mimi nilijifunza nikiwa msibani Kasulu, nimefuta njia moja tu ya ruta kwa simu. Nikampigia mhasibu, nikamwongoza hadi kwenye kabati: "Dada, ile nyeusi ya juu, chomoa, hesabu mpaka kumi, chomeka." Akachomoa ya chini.