Frognerseteren hadi Sognsvann kwa skii: safari ya kwanza Nordmarka

Nordmarka ni msitu wa vilima kaskazini mwa Oslo, na mipaka yake inalindwa na sheria iliyoanza kutumika mwaka 2009. Njia za skii hazina kiingilio. Hii ya kupitia Ullevålseter, nyumba ya mapumziko msituni, kama kilomita 11, inamfaa anayeanza kwa sababu kituo cha Frognerseteren kiko mita 469 juu ya usawa wa bahari na Ziwa Sognsvann liko mita 183. Mlima utaupanda kwa treni. Hata hivyo njiani kuna miinuko, na hapo ndipo nta inayopakwa chini ya skii huumbua watu.

1. Vifaa

Usinunue bado. Azima BUA, vituo vya kuazimisha vifaa vya michezo, ni bure. Skii za klasiki, yaani za kuteleza moja kwa moja ndani ya mifereji iliyochongwa thelujini, zizidi kimo chako kwa sentimita 15 hadi 20, fimbo zipungue kwa 25 hadi 30. Taja na uzito wako, maana ndio unaoamua ugumu wa skii. Kisha pindua kiatu ujue ni cha aina ipi ya kifungio, NNN au SNS: soli ya NNN ina mifereji miwili, ya SNS ina mmoja mpana. Kiatu cha aina moja hakiingii kwenye kifungio cha nyingine hata ukikanyaga kwa hasira.

2. Mavazi

Sufu mwilini, juu yake koti jepesi la kuzuia upepo. Pamba iache nyumbani. Ikilowa jasho haikauki. Ukihisi kibaridi kidogo kituoni, umevaa sawasawa.

3. Nta ya kushikia

Kama una uchaguzi, chukua skii zenye ukanda wa manyoya chini ya mguu na uruke hatua hii nzima. Wazee wa Oslo watakucheka. Waache.

Ukipewa skii za nta, jua kwanza kazi yake. Unapokanyaga, chembe za theluji huchoma kidogo ndani ya nta na skii inashika. Ukiachia, zinachomoka na skii inateleza. Nta ikiwa ngumu kuliko theluji inavyotaka, mguu unarudi nyuma kila ukisukuma. Ikiwa laini mno, chembe hazitoki: theluji inaganda chini na unatembea kama umevaa viatu vya matope.

Tafuta eneo la kupaka. Simama sakafuni juu ya skii zote mbili, uzito sawa, mtu apitishe karatasi chini ya mguu wako. Weka alama inapokwama mbele na nyuma. Nta inakaa kati ya alama hizo tu. Sasa hamishia uzito wote kwenye skii moja. Karatasi lazima ikwame. Ikiendelea kupita, skii ni ngumu kwako na hakuna nta itakayokusaidia, irudishe.

Paka tabaka tatu nyembamba, kila moja ukiisugua kwa koki, kile kipande chepesi cha kusugulia nta, mpaka ing'ae. Tabaka moja nene huvunjika na kubeba theluji. Kisha ziache skii nje dakika kumi zipoe. Zikitoka ndani na joto ukazikanyagia thelujini papo hapo, zitaganda hata kama nta ni sahihi.

Nta ipi? Kwa theluji mpya ya nyuzi -1 hadi -7, Swix V40 ya bluu inatosha, na ndiyo kopo la kwanza la kumiliki. Ukisitasita kati ya mbili, anza na ya baridi zaidi: laini hupakwa juu ya ngumu, lakini ngumu haishiki juu ya laini, itabidi ukwangue yote. Beba kikwanguo, koki na kopo moja laini zaidi mfukoni.

Karibu na nyuzi sifuri ndipo penye balaa. Theluji mpya inanata, ya zamani iliyoyeyuka ikaganda ni barafu inayotaka klista, ile nta ya tyubu inayonata kama asali. Klista ikikutana na theluji mpya unabeba mabonge. Siku kama hiyo skii za manyoya hazina mpinzani. Kumbuka pia kwamba siku tulivu za baridi kali, hewa baridi hutuama bondeni: Sognsvann inaweza kuwa na baridi kuliko Frognerseteren. Pima kote kuwili.

4. Njiani

Treni namba 1 hadi mwisho, Frognerseteren. Fuata alama nyekundu. Za bluu ni za kiangazi. Kaa mfereji wa kulia, usitembee kwa miguu ndani ya mifereji, na ukianguka toka njiani kwanza, mengine baadaye. Polepole si aibu: Philip Boit wa Kenya alimaliza wa mwisho kilomita 10 za klasiki kwenye Olimpiki ya Nagano mwaka 1998, na mshindi Bjørn Dæhlie akamngoja mstarini. Desemba giza huingia kabla ya saa kumi alasiri, kwa hiyo beba taa ya kichwani. Simu ikae mfuko wa ndani, baridi hula betri.

5. Kushuka

Baada ya Ullevålseter njia ni pana na inateremka. Toka mferejini kabla ya mteremko, si katikati yake. Kunja magoti, tanua visigino, ncha zikaribiane bila kupishana.

Sognsvann panda treni namba 5. Skii zenye klista zifunge kwa mfuko wa plastiki kabla ya kuingia. Ikipata joto inachuruzika, na kwenye nguo haitoki kwa sabuni.