Chama cha wachora ramani wa angani: anza na ramani inayochacha

Wengi wanaobuni chama cha namna hii, kiwe cha riwaya au cha mchezo wa mezani, huanza na nembo, majoho na kiapo. Wakifika ukurasa wa tatu chama hakina kazi. Visiwa vinavyoelea vikishachorwa mara moja, nani atalipa tena? Basi kabla hujampa nahodha jina, amua hivi: visiwa vinasogea, na kasi yake haijulikani sawasawa. Hapo ramani inachacha kama mchuzi wa nazi, na wateja hawana budi kurudi.

Piga hesabu. Tuseme kisiwa kinasogea kilomita 4 kwa siku, ila huenda zikawa 3 au 5, na mwelekeo nao una shaka ya kiasi hicho. Siku ya 10 baada ya kupimwa, kiko popote ndani ya duara lenye nusu kipenyo cha kilomita 10, kuzunguka pale hesabu inapokiweka. Siku ya 20, kilomita 20. Sasa jiulize rubani anaona wapi. Kwenye sayari yenye ukubwa wa Dunia, chukua kipeuo cha pili cha kimo kwa mita, zidisha kwa 3.57, upate kilomita hadi upeo wa macho. Kutoka mita 1,600 ni karibu kilomita 143. Namba hiyo inapendeza lakini usiitegemee, kwa sababu ukungu na mawingu huikata vibaya. Weka 20 kwa siku ya kawaida. Duara la shaka likizidi hapo, chombo kinafika penyewe palipokadiriwa na hakioni kitu. Kwa hiyo uhai wa ramani ni siku 20.

Namba hiyo moja inakupa chama kizima. Kama kuna visiwa 12, na chombo kimoja kinakagua kisiwa kimoja kila siku mbili, ndani ya siku 20 kinamaliza 10. Unahitaji vyombo viwili, na cha tatu kikiwa kinashonwa viraka. Watu 6 kwa kila chombo: nahodha, rubani, serahangi (msimamizi wa mabaharia), mpima pembe, karani na mpishi. Usimpuuze mpishi, tutamrudia.

Chombo chenyewe ndipo kosa kubwa linapofanyika: merikebu inayoning'inia chini ya puto, ikiwa na matanga. Jahazi linaweza kubisha, yaani kwenda mshazari dhidi ya upepo, kwa sababu chini liko majini na juu liko kwenye upepo. Vitu viwili vinavyokwenda tofauti. Puto limo ndani ya upepo mtupu na linakwenda nao. Wasafiri hawahisi hata kipupwe, na tanga litalegea kama shuka kwenye kamba siku ya joto. Rubani wa puto huongoza kwa kupanda na kushuka, akitafuta tabaka lenye upepo wa kumfaa, kwa maana upepo wa chini na wa juu mara nyingi hautoki upande mmoja. Ukiyataka matanga kwa lazima, teremsha kamba ndefu yenye ndoo kubwa ya turubai hadi tabaka la chini lenye upepo tofauti. Ndoo inakuwa ndiyo maji yako.

Ukubwa wa puto usiubahatishe. Karibu na usawa wa bahari, mita moja ya ujazo ya hewa iliyopashwa hadi nyuzi 100 hubeba kama gramu 280. Mita 3,000 juu, inabeba kama 255. Chombo, watu, kuni na kitambaa chenyewe vikiwa kilo 1,500, shona puto la mita za ujazo 6,000, yaani kipenyo cha kama mita 22.5. Haidrojeni, gesi nyepesi inayoshika moto upesi, inabeba karibu mara nne, lakini humwashii mpishi jiko.

Na jiko linahitajika, kwa kuwa sufuria ndiyo kipimo cha kimo. Maji huchemka kwa nyuzi 100 usawa wa bahari, na hupungua kama nyuzi 1 kwa kila mita 300 unazopanda. Wasafiri Waingereza Burton na Speke walipofika Ziwa Tanganyika mwaka 1858 walikuwa na vipimajoto vya kazi hiyo hiyo. Kosa la nusu nyuzi ni mita 150, kwa hiyo kipimajoto kiwe na alama za sehemu ya kumi. Hali ya hewa nayo hudanganya. Dawa yake ni sufuria ya pili inayochemshwa makao makuu saa ile ile, kisha zilinganishwe. Hasara iko kwenye chakula: mita 4,000 juu maji huchemka kwa kama nyuzi 87, na maharage hayaivi. Wape unga na nyama iliyokaushwa.

Kwa umbali, pima pembe kutoka vituo viwili juu ya kisiwa kinachojulikana. Vituo vikiachana kilomita 2 na pembe zikisomeka digrii 80 na 85, pembe ya tatu ni 15, na kisiwa unachokipima kiko kilomita 7.6 kutoka kituo cha pili. Ila hapo kituo cha pili kikisoma 84 badala ya 85, jibu linakuwa 7.1. Digrii moja imekula karibu nusu kilomita. Panua msingi, yaani umbali kati ya vituo, hadi pembe ya tatu ifike 30 au zaidi. Msingi mwembamba ndio unaozaa visiwa viwili kwenye ramani pale penye kimoja.

Chora kwenye karatasi tatu zilizopakwa mafuta zipitishe mwanga, kila moja tabaka lake la mita 1,500, zote kwa kipimo cha sentimita 1 kwa kilomita 1. Zikipangwa moja juu ya nyingine, kisiwa kilicho chini ya kingine kinaonekana. Kando ya kila kisiwa karani aandike kimo, mwelekeo, kasi na tarehe ya kupimwa. Tarehe iandikwe ndani ya umbo la kisiwa, siyo pembezoni: pembezoni mwa karatasi hukatwa kwa mkasi, na ramani ya siku 40 ikauzwa sokoni kama ya juzi.