Anza na skafu: mavazi ya Daktari wa Nne hatua kwa hatua

Wengi wanaotaka kuvaa kama Daktari wa Nne wa Doctor Who (tamthilia ya televisheni ya Uingereza ambayo mhusika wake mkuu, Daktari, huchezwa na waigizaji mbalimbali kwa zamu), yule aliyechezwa na Tom Baker kuanzia 1974 hadi 1981, huanza kwa kusaka koti. Mimi nasema anza na skafu. Koti likipishana kidogo na la asili hakuna atakayekuuliza, lakini ukiwa na skafu fupi utaonekana mtu anayeogopa baridi tu.

Hatua ya 1: Uzi
Tafuta rangi saba: zambarau, rangi ya ngamia, shaba, haradali, kutu, kijivu na kijani iliyofifia. Zote ziwe zimepoa. Uzi wa sufu huning'inia vizuri kuliko wa akriliki, ila huwasha shingoni, basi vaa shati lenye kola.

Hatua ya 2: Kufuma
Anzisha vitanzi 60 kwenye sindano za milimita 4. Mshono ni mmoja, ule wa kwanza anaofundishwa kila mfumaji (kwa Kiingereza knit), na ndio huohuo kila safu mpaka mwisho. Upana wa mistari usilingane: mmoja uwe na safu 8, unaofuata 40, mwingine 16. Idadi ya safu iwe shufwa daima, ili rangi zibadilike upande uleule na vinundu vya maungio vibaki nyuma.

Urefu je? Inasimuliwa kwamba mbunifu wa mavazi James Acheson alimpelekea mfumaji Begonia Pope sufu nyingi za rangi mbalimbali, naye akazifuma zote, ndiyo maana skafu ikatoka ndefu kupita kiasi. Lakini Baker ana urefu wa sentimita 191 hivi. Kama wewe ni mfupi, punguza bila aibu. Tena acha kufuma kabla ya kufikia urefu unaoutaka, kwa sababu skafu ikining'inia hujivuta yenyewe kwa uzito wake. Malizia ncha zote mbili kwa matamvua yenye rangi zote saba.

Hatua ya 3: Yaliyobaki
Kofia ya pama ya kahawia, koti refu, kizibao, shati jeupe, suruali ya sufu na viatu vya kahawia. Mitumba inatosha, na ni bora kuliko nguo mpya. Koti likiwa jipya mno, pitisha msasa laini kwenye kingo za mikono na midomo ya mifuko. Mifuko iwe mikubwa: ndani utatia bisibisi ya soniki (kifaa cha Daktari cha kufungulia milango na kadhalika) na mfuko wa karatasi wenye peremende laini za umbo la mtoto.

Usichanganye na mavazi ya msimu wake wa mwisho, ulioanza 1980. Hayo yana rangi ya mvinyo kuanzia kofia hadi koti, na skafu yake ni nyingine kabisa.

Hatua ya 4: Kuvaa
Zungusha shingoni mara moja au mbili, ncha moja mbele, nyingine nyuma, zote juu ya vifundo vya miguu. Kwenye ngazi za umeme, ikunje yote uishike mkononi.