Jinsi ya Kumpa Rafiki Dunia Yako ya Minecraft
Katika Minecraft ya Java (Java Edition, aina ya mchezo huu iliyo ya kompyuta), dunia uliyoijenga si faili moja bali ni folda nzima, na kosa linalowaponza wengi ni kutuma level.dat (faili ndogo yenye taarifa za jumla za dunia) peke yake, ilhali majengo yenyewe yamo katika faili nyingine za folda hiyo. Kwanza toka kabisa kwenye mchezo, kwa kuwa folda inayonakiliwa huku mchezo ukiendelea kuandika ndani yake huweza kufika ikiwa na hitilafu. Kwenye Windows, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %appdata% na ubonyeze Enter, kisha fungua .minecraft na baadaye saves, ambamo kila dunia ina folda yake. Ibane iwe faili moja ya zip, uitume kwa flashi au kwa hifadhi ya mtandaoni, kwani dunia kubwa haiingii kwenye barua pepe.

Rafiki yako ataifungua na kuiweka ndani ya saves yake, akihakikisha haimo ndani ya folda nyingine ya jina lilelile, maana ikiwa hivyo mchezo hautaiona. Toleo lake la Minecraft lisiwe la zamani kuliko lako, la sivyo dunia inaweza kuharibika. Nawe, tafadhali, baki na nakala.