Somo: Kuingia kwenye kazi ya kuandika skripti za filamu na televisheni

Kila siku naulizwa "naanzia wapi?" Naandika hapa mara moja, atakayeuliza tena nitamtuma huku.

Hatua ya 1. Soma skripti zenyewe. Kutazama filamu pekee hakutoshi.

Hatua ya 2. Fuata mpangilio: fonti ya Courier, ukubwa wa 12. Ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja, ndiyo maana skripti ya filamu ndefu huwa na kurasa 90 hadi 120.

Hatua ya 3. Imalize. Kisha iandike upya.

Hatua ya 4. Mkataba. Hapa twende taratibu, maana ndipo nilipoumia. Prodyuza akiipenda skripti, mara nyingi hainunui papo hapo. Anakulipa kiasi kidogo aishikilie kwa muda, mathalani miezi 12 au 18, huku akitafuta fedha. Muda huo huruhusiwi kumuuzia mwingine. Mkataba wangu ulikuwa na kifungu cha muda huo kujiongeza wenyewe bila malipo, na skripti ikakaa kifungoni. Kwa hiyo kagua tarehe ya mwisho, malipo ya kila nyongeza, rasimu ngapi zinalipwa, na jina lako litaandikwaje kwenye filamu. Ukiambiwa "rekebisha kidogo tu" bila malipo, kataa. Kidogo hicho hakina mwisho. Mwanasheria aupitie kabla hujatia sahihi.

MASWALI

— Mkuu, nina wazo kali sana. Naliuza wapi?

Rudi hatua ya 3.

— Na wakiniibia?

Hakimiliki hailindi wazo, inalinda namna lilivyoandikwa. Sababu nyingine ya kuandika.

— Courier mbaya, natumia fonti nyingine inayopendeza.

Sawa. Hesabu ya dakika itakuwa imeharibika, na msomaji ataliona hilo ukurasa wa kwanza.

— Samahani mwalimu, ule mgomo wa waandishi Marekani mwaka 2023 ulihusu mishahara tu?

Asante kwa kuuliza. Ulidumu siku 148, na mishahara ilikuwa sehemu tu. Tamthilia nyingi huandikwa na kundi linalokaa chumba kimoja chini ya mwandishi mkuu. Makundi hayo yalikuwa yamepunguzwa watu na wiki za kazi, na wengi waliachwa kabla kamera hazijawashwa. Chipukizi asiyefika seti, mahali pa kurekodia, atajifunzia wapi kuongoza tamthilia yake kesho? Waligombania pia malipo ya kazi inayorudiwa kuoneshwa mtandaoni, na mipaka ya akili bandia. Makubaliano yalitamka kuwa mashine haiwezi kuhesabiwa kuwa mwandishi.

— Mazungumzo yangu yanasikika kama hotuba. Nifanyeje?

Ficha majina ya wahusika, usome kwa sauti. Kama huwatofautishi, wote wanaongea kwa mdomo wako.

— Naongezea: wape watu wengine wasome, wewe unyamaze usikilize. Wanapojikwaa ulimi, weka alama.

Hii nzuri. Na usiwaelezee kwanza sini (onyesho) inahusu nini.