Ardhi ya mirathi ikitwaliwa na serikali Mombasa: jinsi ya kudai fidia

Reli ya SGR imepita Miritini, barabara ya Dongo Kundu imekata mashamba, na barabara kuu ya kwenda Mariakani inapanuliwa. Mradi unapoangukia shamba lenye jina la babu aliyefariki zamani, warithi hukimbilia kubishania bei. Bei ina nafasi yake, lakini kinachokwamisha malipo mara nyingi ni kukosa mtu mwenye karatasi ya mahakama ya kusimama mahali pa marehemu. Anzeni hapo, hata kama mradi ungali uvumi wa mtaani.

Toeni hati ya ardhi na mwangalie namba ya ploti: ya kisiwani mara nyingi huwa na herufi MI, bara ya kaskazini MN, bara ya kusini MS. Kwa namba hiyo, pamoja na ya CR, yaani ya usajili wa Pwani, fanyeni sachi (upekuzi rasmi wa rekodi) katika ofisi ya ardhi ya Mombasa. Itaonyesha mmiliki aliyesajiliwa, na kama kuna mkopo au zuio. Mrithi mwenye wasiwasi kwamba ploti itauzwa kisirisiri anaweza kuomba zuio kwa msajili. Na kama mlichorithi ni nyumba bila ardhi, kama ilivyo katika mitaa mingi ya zamani, msinyamaze. Dai la ardhi ni la mwenye ardhi, la jengo ni lenu. Hata wakaazi wa nia njema wasio na hati, Katiba haikuwasahau katika kifungu cha 40.

Mirathi ndiyo hatua ndefu. Waislamu, pande zote zikikubali, huenda Mahakama ya Kadhi. Wengine hufungua kesi kwa hakimu au Mahakama Kuu kulingana na thamani ya mali. Bebeni cheti cha kifo, barua ya chifu yenye majina ya warithi, vitambulisho na matokeo ya sachi. Nawasihi, andikeni kila mtu: mabinti walioolewa mbali, mke mdogo, mtoto wa nje ambaye familia haipendi kumtaja. Hati ya mirathi iliyopatikana kwa kumficha mrithi inaweza kufutwa, na wakati huo huenda pesa zimeshaliwa. Ombi hutangazwa kwenye Gazeti Rasmi kwa siku 30, na hati huthibitishwa kwa kawaida baada ya miezi 6. Mradi ukiwa mlangoni, ombeni hati ya muda ya kulinda mali ya marehemu. Inawaruhusu kudai, haiwaruhusu kugawana.

Kwa upande wa serikali, Tume ya Taifa ya Ardhi, yaani NLC, hutangaza nia ya kutwaa kwenye Gazeti Rasmi. Baada ya siku zisizopungua 30, huitisha kikao cha kusikiliza madai, na tangazo la kikao hutoka angalau siku 15 kabla. Dai lenu la maandishi lifike kabla siku ya kikao haijapita. Ambatanisheni hati ya mirathi, sachi, na ripoti ya mthamini aliyesajiliwa mliyemtafuta wenyewe. Pigeni picha za minazi, miembe, visima, nyumba na makaburi kabla ya tingatinga kuingia, kwa sababu baada ya hapo hamna cha kuonyesha. Kanuni za fidia za 2017 zinaongeza asilimia 15 ya thamani ya soko kwa usumbufu. Hakikisheni imo kwenye hesabu.

Warithi wakigombana kuhusu nani alipwe, Tume inaweza kuziweka fedha kwenye akaunti maalumu ya fidia hadi mzozo uishe. Ndugu, malizeni ugomvi wa mafungu kwa Kadhi au hakimu aliyetoa hati; Tume haigawi thumni ya mjane wala fungu la binti.

Mkiona kiasi ni kidogo, au mmerukwa, malalamiko huanzia kwenye Jopo la Utwaaji Ardhi lililoundwa na sheria ya 2019, kisha Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Muda wa kukata rufaa ni mfupi, kwa hiyo mwoneni wakili wiki ileile mnapopokea barua ya tuzo, yaani uamuzi wa kiasi cha fidia.

Malipo yakikaribia, wasimamizi waliotajwa kwenye hati ya mirathi wafungue akaunti kwa jina la mirathi, wawe wawili au zaidi, na shilingi isitoke bila sahihi za wote.