SOMO: Mkopo wa nyumba wa milioni 60 utaumaliza kwa shilingi ngapi?

Naandika mara moja ili nisiulizwe tena. Juzi jamaa kanifuata hadi pale Feri, nina mfuko wa changu unanichuruzikia maji mguuni, ananionyesha simu: "Kaka, benki wamesema rejesho laki nane na themanini, mshahara unabeba. Nisaini?" Namuuliza riba asilimia ngapi, hajui. Anamaliza mwaka gani, hajui. Anachojua ni laki nane na themanini.

Mimi si mtu wa benki. Nimeshika vitabu vya hesabu vya vyama vya msingi miaka mingi, na nyumba ninayolala hapa Mangamba bado ina deni. Mengi ya humu nimejifunza kwa hela yangu.

Hatua ya 1. Uliza riba ni ngapi kwa mwaka, inahesabiwa kwenye salio linalopungua (deni lililobaki) au kwenye mkopo wote wa mwanzo, na kama mkataba unawaruhusu kuipandisha katikati.

Hatua ya 2. Piga hesabu ya jumla, achana na ya mwezi. Riba za mikopo ya nyumba hapa nchini zimezoea kucheza kati ya asilimia 15 na 19. Tuchukue 17, mkopo milioni 60, salio linalopungua:

Miaka 10: rejesho 1,042,786 kwa mwezi, jumla milioni 125.1
Miaka 15: rejesho 923,403 kwa mwezi, jumla milioni 166.2
Miaka 20: rejesho 880,080 kwa mwezi, jumla milioni 211.2

Rudia mstari wa pili na wa tatu. Rejesho limetofautiana elfu 43 na chenji. Jumla imetofautiana milioni 45. Mtu anakimbia elfu 43 kwa mwezi, anakuja kutoa milioni 45, na kwa hela hiyo hapa Mtwara unajenga, siyo unakarabati. Mwenye kompyuta afungue Excel aandike =PMT(0.17/12,240,-60000000), abadilishe namba aweke zake.

Hatua ya 3. Angalia mwezi wa kwanza. Hapa kikokotoo cha simu kinatosha: 60,000,000 mara 17, gawanya kwa 1,200. Unapata 850,000. Hiyo ni riba ya mwezi mmoja. Umelipa 880,080, kwa hiyo kilichopunguza deni ni 30,080. Elfu thelathini na themanini! Omba jedwali la marejesho lililochapwa, usikubali la kuonyeshwa kwenye skrini. Kila mstari ni mwezi mmoja. Shuka nalo mpaka mstari wa 60. Hapo umeshalipa milioni 52.8, na salio linasoma milioni 57.2. Shuka tena mpaka wa 120: miaka kumi imekatika, bado unadaiwa milioni 50.6. Ukihamishwa kikazi mwaka wa sita ukauza, salio la siku hiyo ndiyo hela ya kwanza kutoka kwenye bei.

Hatua ya 4. Gharama za mlangoni: mthamini, wakili, usajili wa rehani, ada ya mkopo, bima ya maisha, bima ya moto. Kwangu zilifika milioni 2 na laki 3 kabla sijashika funguo. Uliza kama bima wanaichomeka ndani ya mkopo, maana ikiingia humo utailipia riba miaka yote.

Hatua ya 5. Usijibane mpaka kwenye ile theluthi ya mshahara inayotakiwa kubaki mkononi baada ya makato. Kuna pango la ardhi, kodi ya jengo kwenye LUKU, na paa.

Hatua ya 6. Malipo ya ziada. Hapa ndipo nilipoumia, kwa hiyo mnivumilie.

Mwaka wa tatu wa mkopo wangu nilipata milioni 4 za kazi ya ukaguzi. Nikadamka benki, nikajaza ile karatasi ya kuweka fedha, sehemu ya sababu nikaandika kwa mkono wangu "marejesho ya mkopo". Nikagongewa muhuri, nikatoka kifua mbele. Miezi 14 baadaye naomba taarifa ya mkopo kwa jambo jingine kabisa, naona salio liko palepale jedwali lilipotaka liwe. Milioni 4 zangu zimekaa pembeni kama malipo ya mbele, zinasubiri mwezi ambao mshahara hautaingia. Mshahara ulikuwa unaingia kila mwezi, basi zikalala. Riba ikaendelea kuhesabiwa juu ya deni zima kama vile sijapeleka kitu. Kwa asilimia 17, milioni 4 kwa miezi 14 ni laki 7 na elfu 93. Dada wa dirishani hakukosea, alifanya nilichoandika.

Kwa hiyo:

Andika barua. Siyo karatasi ya dirishani, barua: "Fedha hizi zipunguze deni la msingi kuanzia tarehe ya leo." Deni la msingi ni hela uliyokopa yenyewe, bila riba. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa.

Watakuuliza upunguziwe rejesho au muda. Sema muda. Ukichagua rejesho utafurahi mwezi ule, lakini mwaka wa kumaliza unabaki uleule.

Kabla hujapeleka hata shilingi, soma kifungu cha kulipa mapema. Mikataba mingine ina tozo humo.

Baada ya wiki moja rudi uchukue jedwali jipya. Kama hawana jedwali jipya, hela yako haijaingia kwenye deni la msingi, hata wakuapie.

Hatua ya 7. Mwenzi wako ajue. Sheria ya Ardhi inataka idhini ya mume au mke kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani.

Maswali karibu. Soma kwanza.

---

Kijana wa Ligula: Mkuu, kwa hiyo nikichukua 60 kwa miaka 20 nitalipa ngapi kwa mwezi?

Mleta somo: Hatua ya 2.

Boda Mikindani: Umeandika gazeti zima. Taja tu benki yenye riba ndogo tumalize.

Mleta somo: Sitaji. Riba ya leo siyo ya kesho, na ndogo kwa miaka 20 inaweza kukumaliza kuliko kubwa kwa miaka 10. Gazeti lipo hapo juu.

Mama Zuhura, Newala: Kaka yangu, sina mshahara. Mimi ni korosho na kaduka. Hela ya maana inaingia msimu wa minada, Oktoba mpaka Desemba. Mtu kama mimi afanyeje? Na hiyo ya kupunguza deni la msingi, ukipeleka mara moja tu kwa mwaka ina faida gani?

Mleta somo: Swali zuri sana dada. Nianze na la pili. Chukua mkopo uleule wa milioni 60 kwa miaka 20. Rejesho usiliguse, ila kila mwaka baada ya mnada peleka milioni 1 kwa barua niliyoeleza. Badala ya miaka 20 unamaliza kama miaka 13. Jumla inashuka kutoka milioni 211 mpaka karibu milioni 150. Umetoa milioni 12 za ziada, zimekuokolea kama milioni 61. Sababu ni kwamba kila shilingi iliyopunguza deni mwaka wa kwanza haitozwi tena riba miaka yote iliyobaki. Ndiyo maana milioni ya mwaka wa 2 ina nguvu kuliko milioni ya mwaka wa 10.

La kwanza: rejesho la kila mwezi lipimie duka, korosho iwe ya ziada tu. Unakumbuka 2018, minada ilivyokwama hadi serikali ikatangaza itanunua yenyewe kwa 3,300 kilo. Bei ilikuwa nzuri, lakini wangapi walikaa wakisubiri malipo? Benki haisubiri mnada. Kama duka peke yake halibebi rejesho, punguza mkopo, jenga vyumba viwili kwanza.

Mama Zuhura, Newala: Nimekuelewa. Ahsante, Mungu akuweke.

Mwl. wa Masasi: Umesema kuna riba ya salio linalopungua na ya mkopo wote. Mimi kuna mahali nimeambiwa asilimia 10 tu. Mbona naona ni nafuu kuliko hiyo 17?

Mleta somo: Mwalimu, hapo ndipo wengi wanaliwa. Chukua milioni 10 kwa miaka 5, asilimia 10 ya mkopo wote: milioni 1 kila mwaka, riba milioni 5, jumla milioni 15, rejesho 250,000. Lakini mwaka wa tano hudaiwi tena milioni 10, umeshalipa sehemu kubwa, ila riba bado wanakuhesabia kama vile zote unazo mfukoni. Ukiigeuza iwe ya salio linalopungua, hiyo 10 yao ni 17 na pointi. Wape wanafunzi wako wa kidato cha nne waipige.

Mwl. wa Masasi: Nawapa kesho. Wakikosea nakuletea madaftari.

Mzee wa Rahaleo: Unatisha vijana. Sasa unataka watu wapange mpaka wafe?

Mleta somo: Shikamoo mzee wangu. Wapi nimeandika "msikope"? Mimi mwenyewe nimekopa, na ningekopa tena, ila kwa miaka michache. Nimeandika watu wajue wanachosaini.

Mzee wa Rahaleo: Marahaba. Ila kichwa cha habari kinatisha.

Mleta somo: Namba ndizo zinatisha mzee, siyo kichwa.

Ukhti Lindi Mjini: Assalaam alaykum. Kwa sisi tunaokwepa riba, benki zenye utaratibu wa murabaha, hesabu yake inasomwaje?

Mleta somo: Waalaykum salaam. Pale benki inanunua nyumba, kisha inakuuzia wewe kwa bei iliyoongezwa faida, unalipa kwa awamu. Uzuri wake ni kwamba jumla unaijua siku ya kwanza na haipandi. Chukua bei watakayokuuzia, toa bei waliyonunulia, kinachobaki ndicho unacholipia muda. Linganisha hicho na jumla zangu za hatua ya 2, ukishatoa humo milioni 60 za mkopo wenyewe. Angalizo moja: bei ikishafungwa, ukimaliza mapema punguzo ni hiari yao mpaka liwe limeandikwa. Uliza kabla.

Mchumi Chipukizi: Mimi nina hoja mbili. Shilingi ya mwaka wa 20 siyo shilingi ya leo, kwa hiyo hiyo 211 umeikuza. Na kwa nini hasa riba zetu ziko juu hivi?

Mleta somo: Hoja ya kwanza ni ya kweli, nakubali. Lakini mfumuko wa bei kwetu miaka ya karibuni umekuwa kati ya asilimia 3 na 5, na riba yako 17. Bei zinakusaidia kubeba pointi nne, zilizobaki zote ni zako. Kama mshahara unapanda vizuri, hiyo ni sababu ya kupeleka ziada, siyo ya kukopa muda mrefu.

Ya pili: hela za benki nyingi ni amana ambazo wenyewe wanaweza kuzidai wakati wowote, nyumba inataka hela ya miaka 20. Ndiyo maana 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, inazikopesha benki hela za muda mrefu kwa ajili ya nyumba. Muda umerefuka kweli, riba haijashuka kwa kasi hiyo. Halafu tazama hati fungani ya serikali ya miaka 25 ilipoanza 2021: riba 15.95. Benki ikiweza kuikopesha serikali kwa karibu 16 bila kumfukuza mtu, wewe wa Chikongola itakukopesha kwa ngapi?

Mchumi Chipukizi: Hiyo ya hati fungani sikuwa nimeiweka pamoja. Shukrani.

Dalali Mitwero: Mnapoteza muda kwa hesabu. Mradi wa gesi wa Likong'o ukianza, nyumba Lindi itapanda mara tatu, mkopo unajilipa wenyewe.

Mleta somo: Waulize wenye nyumba wa Shangani waliokopa enzi za gesi ya Mtwara, walipokuwa wanapangishia wageni kwa bei za ajabu. Wageni waliondoka, marejesho yalibaki.

Dalali Mitwero: Mtwara siyo Lindi.

Mleta somo: Sawa.

Fundi Bati: Niongeze kwenye hatua ya 5, kaka umepita haraka. Nyumba za ufukweni hapa chumvi inakula bati. Geji 30 kule Shangani unaanza kuona kutu kwenye misumari kabla ya hata hilo rejesho la 60. Weka 28, ndiyo nene zaidi, na upande wa baharini ukague kila mwaka. Na mchanga wa bahari msijengee, hata kama ni wa bure, nondo zinaoza ndani kwa ndani, zege linapasuka.

Mleta somo: Fundi, ungekuja miaka saba iliyopita. Mimi nina 30.

Fundi Bati: Misumari umepaka nini?

Mleta somo: Sijapaka kitu.

Fundi Bati: Jumamosi napita Mangamba. Andaa ngazi.

Kijana wa Ligula: Mkuu, samahani kwa lile swali la mwanzo. Leo nimeomba jedwali, wamenichapia karatasi sita. Naangalia wapi?

Mleta somo: Mstari wa 60, safu ya mwisho kulia. Mkopo wako ni miaka mingapi?

Kijana wa Ligula: 20. Ngoja niwarudie waniandikie ya 15.